Masikio ya Ustadi Maqbool

Gari dogo la Mehran halina haraka na mtu. Injini yenyewe silinda tatu, cc mia nane tu, na taa zikiwaka kijani wenye pikipiki wanakupita huku wanaongea na simu. Hata hivyo, pale mjini Gujranwala kulikuwa na Mehran kadhaa zilizochanganya mwendo mpaka abiria anabandikwa kwenye kiti, na zote zilitoka kwenye karakana moja ya Barabara ya Sialkot, karakana ya Ustadi Maqbool. Watu walisema Ustadi, ndivyo fundi mkuu anavyoitwa kule, ana masikio ya jini. Walisema anaweza kusikia plagi iliyolegea hata akiwa msikitini anasali. Uongo mtupu. Ustadi Maqbool alikuwa nusu kiziwi kwa miaka saba, na masikio yaliyozipa gari zile mbio yalikuwa jikoni yakichambua dengu.

Mwenye masikio aliitwa Sughran. Nitamsimulia yeye, maana huyo mumewe amekwisha kusimuliwa vya kutosha.

Aliolewa akiwa na miaka kumi na tisa, akaletwa kutoka kijiji kimoja cha upande wa Wazirabad mpaka kwenye vyumba viwili nyuma ya karakana. Dirisha la jiko lilitazama uwanja wa kazi. Mwaka wa kwanza makelele yalimtoa machozi. Mwaka wa pili akaanza kuzitofautisha injini bila kukusudia, kama vile mtu anayekaa karibu na shule anavyojikuta siku moja anaijua hesabu ya kuzidisha. Akazaa binti, Kausar, akamlea, akamwoza Lahore, na muda wote huo injini zikawa zinanguruma hatua kumi kutoka kwenye chungu chake. Hakuwahi kushika spana. Lakini alijua vali ipi inavuja na gari lipi halikuwashwa tangu juzi.

Kuliongezea mbio gari dogo hakuna uchawi. Unaanza kwa kulipunguzia mzigo: kiti cha nyuma nje, tairi la akiba nje, mazulia nje. Unapeleka silinda hedi ikachongwe ili mgandamizo uongezeke, unaweka jeti kubwa zaidi kwenye kabureta, unaipunguza flaiwili uzito, na ekzosi unaiacha wazi ipumue. Haya kila fundi wa mtaa anayajua. Kazi iko mwisho, unapoizungusha distributa, ile inayogawa cheche kwa plagi, kidogo kidogo ili cheche iwahi. Ikiwahi, gari linaruka. Ikiwahi kupita kiasi, mafuta yanalipuka pistoni ikiwa bado njiani kupanda, na injini inagonga. Ni mlio mwembamba sana, wa ndani, kama dengu zinazorushwa kwenye ungo nyumba ya tatu. Fundi mzuri hufika mpaka mlango wa mlio ule kisha akarudi unywele mmoja. Maqbool alikuwa fundi mzuri, hilo simnyimi. Ila miaka ishirini ya kuinamia ekzosi za wazi bila hata pamba sikioni ilimla masikio, na ikaanza na sauti nyembamba. Ndege walinyamaza kwanza, ikafuata simu, mwishowe na mlio ule.

Siku ya kwanza Sughran alisema tu, kama mtu anayesema mvua inakuja. Alikuwa anampakulia chakula cha mchana.

"Baba Kausar, lile la kijani linagonga."

"Linagonga nini?"

"Ukilivuta ghafla. Tik-tik-tik, ndani kabisa."

"Chumvi imezidi leo," akasema Maqbool, akaendelea kula.

Siku ya tatu gari la kijani lilirudi likivutwa kwa kamba, pistoni ya katikati ina tundu la kupitisha kidole gumba. Maqbool akaibadilisha pistoni, akamrudishia mtu gari lake. Ila wiki iliyofuata, akiwa na gari la mtu uwanjani linanguruma, aliingia jikoni ghafla akaomba maji. Akanywa. Akasimama pale anatazama ukuta.

"Unasikiaje?" akauliza.

"Rudisha kidogo."

Akatoka akarudisha. Baada ya muda akaja tena kuomba maji.

"Na sasa?"

"Kidogo tena. Hapo hapo! Hapo liache."

Basi ikawa ndiyo kazi. Gari jepesi lilihitaji glasi mbili, gari sugu hata sita. Wateja walikaa kwenye kitanda cha kamba wakinywa chai na kumcheka. "Ustadi ana kisukari," mmoja anasema. "Kisukari wapi, ana mpenzi jikoni." "Mpenzi gani, si mkewe yule?" "Ndiyo maana nasema anaumwa!" Maqbool anacheka nao, anajifuta masharubu, anaizungusha distributa, na gari linaondoka kama lililochomwa sindano. Wanaume wanatikisa vichwa. Masikio gani haya, Ustadi!

Sughran aliyasikia hayo yote. Angeyakosaje? Nanyi mjue kwamba kule mwanaume hamtaji mkewe kwa jina mbele ya wanaume wenzake. Husema "watu wa nyumbani", na anayeuliza huuliza "watu wa nyumbani hawajambo?" Ni heshima, hakuna aliyeona ubaya ndani yake, hata Sughran hakuuona. Hakutaka jina lake. Alitaka siku moja tu, wakati wa kusifiwa, Maqbool aseme, "Watu wa nyumbani ndio waliosikia." Maneno matano. Miaka saba alikuwa anayangoja, na kila gari lililotoka alitega sikio dirishani kuona kama ndiyo leo.

Mwaka huo wa saba, mwezi wa sita, mafundi wa Sialkot walileta changamoto. Mehran kwa Mehran, kabureta tu, robo maili, Jumapili asubuhi kwenye barabara ya mtaa mpya ambao viwanja vyote vilikuwa vimeshauzwa na nyumba haijajengwa hata moja. Upande wa Sialkot fundi alikuwa Ustadi Ghafoor, mtu mnene mwenye mdomo mchafu. Upande wa Gujranwala, gari lilikuwa la Sarfraz Cheema, mwenye kiwanda kidogo cha feni, mtu mpole, aliyelijenga gari lile kwa miaka miwili na kufunga nati zake nyingi kwa mikono yake mwenyewe. Nyuma alilifunga kitambaa cheusi cha kuzuia jicho baya, kama magari yote ya kule. Maana kule hakuna asiyejua kwamba kitu kizuri kikisemwa vibaya kikiwa kinafanya kazi, au kikisifiwa bila Mashallah, hakifiki.

Jumamosi alasiri, gari likiwa limeshakaa sawa kwa glasi tano za maji, Maqbool alikaa kwenye kigoda cha jikoni. Hiyo haikuwa kawaida yake.

"Kesho utakuja na mimi," akasema. "Joto la asubuhi ni lingine, lazima lisikilizwe pale pale. Utakaa ndani ya kigari chenye pazia la kusitiri wanawake. Nikija kunywa maji utaniambia."

"Na watu?"

"Nitasema nakupeleka kwa dada yako baadaye."

Sughran akaendelea kukanda unga. Halafu akasema jambo ambalo hakuwahi kulisema. "Likishinda, utawaambia?"

Maqbool alijifuta masharubu. "Likishinda," akasema, "wakati wa kula, nitasimama mbele yao wote niseme ni watu wa nyumbani. Wallahi."

Usiniulize kwa nini alimwamini. Alimwamini, akapika paratha, zile chapati za samli, za siku nzima, akavaa shali yake ya harusi ya Kausar, na asubuhi akapanda kigari akakaa nyuma ya pazia na jagi la maji mapajani kama bibi harusi kwa mara ya pili.

Saa moja na nusu jua lilikuwa limeshakuwa kali. Ghafoor alijaribu gari lake kwanza, na kusema haki, lilitoka vizuri. Maqbool aliliona, roho ikamruka. Akalegeza nati ya distributa, akawahisha cheche kidogo, Sarfraz akakanyaga mafuta. Nyuma ya pazia Sughran akausikia mlio. Tik-tik-tik. Kwenye joto lile hata kipimo cha jana kingekuwa cha mashaka. Hiki kilikuwa kifo.

Akaliweka jagi tayari, akangoja.

Maqbool akainuka, akapiga hatua mbili kuelekea kwenye kigari. Ghafoor akapaza sauti. "Ustadi! Umekuja na watu wa nyumbani leo? Au bado unanyonya?"

Wanaume wakacheka, wa Sialkot na wa Gujranwala pamoja. Maqbool akasimama. Akageuka, akarudi kwenye gari kana kwamba alikuwa ananyoosha miguu tu. Hakuja kunywa maji.

Sughran akangoja tena. Akaona Sarfraz anafunga mkanda. Akasikia gari linasogezwa kwenye mstari, na kila mguu wa Sarfraz ulipokanyaga, zile dengu zilirushwa. Angeweza kunyamaza. Wanawake wengi wenye akili wangenyamaza. Akafungua pazia.

"Baba Kausar! Linagonga! Rudisha kidogo!"

Vichwa vyote vikageuka. Aliyeanza ni Ghafoor.

"Lo! Kumbe Ustadi ni shemeji! Basi wewe Maqbool kapike, sisi tushindane na mama!"

Kicheko kilichofuata kilikuwa kibaya. Sarfraz peke yake hakucheka. Akatoa kichwa dirishani. "Ustadi, shemeji anasema—"

"Shemeji yako anajua dengu zake," akasema Maqbool. Akachukua spana, akainua boneti, na mbele ya macho ya kila mtu akaizungusha distributa. Hakuirudisha. Aliisogeza mbele. Akafunga boneti kwa kishindo. "Kanyaga."

Gia ya kwanza gari la Sarfraz lilitoka sawa na lile la Sialkot. Ya pili likaongoza kwa urefu wa gari zima, na watu wa Gujranwala wakaanza kurusha vilemba. Ya tatu Sughran aliusikia mvunjiko kabla moshi haujatoka. Gari likateleza lenyewe mpaka likasimama pembeni, mafuta yakachora mstari mweusi lamini, na Sarfraz akashuka mzima, mikono kichwani.

Maqbool alifika wa kwanza. Akachomoa plagi ya katikati, ikiwa ya moto, akaiangalia. Ilikuwa na vipunje vyeupe vya pistoni iliyoyeyuka, na fundi wa miaka thelathini akiona vile hahitaji kuambiwa kitu. Alijua ni nini, na alijua ni mkono wa nani. Akaifumbata plagi kiganjani.

"Ustadi, imekuwaje?" akauliza Sarfraz. Wote walikuwa wamemzunguka. Ghafoor naye.

Maqbool alitazama kwenye kigari.

"Ni Sughran," akasema.

Wanaume waliinamisha macho, kwa aibu ya kusikia jina la mke wa mtu.

"Mke wangu, Sughran. Si mlimsikia wenyewe? Gari linanguruma, limekaa sawa, yeye analitamkia ubaya. Hata jina la Mungu hakulitaja. Ana jicho yule, tangu ujana. Mimi nimevumilia tu."

Nilitaka kusema kwamba angalau mmoja alibisha. Hakuna. Watu hawa hawa waliosikia akisema rudisha, wakamwona Maqbool akisogeza mbele, walitikisa vichwa taratibu, kwa huruma, wakimhurumia mume. Ghafoor aligusa kitambaa cheusi cha gari lake. Sarfraz alitazama kwenye kigari, akafungua mdomo, kisha akasema, "Basi, tufanyeje," akaenda kutafuta kamba ya kuvutia gari lake.

Miaka saba Sughran alikuwa amengoja atajwe mbele ya wanaume. Akatajwa, na kwa jina kabisa. Na kwa kuwa masikio yake yalikuwa mazima, hakukosa hata herufi.

Maqbool hakuwahi tena kuingia jikoni gari likiwa linanguruma. Kwa woga akawa anairudisha cheche nyuma ya kawaida, na Mehran zake zikarudi kuwa Mehran, zikipitwa na wenye pikipiki. Wateja walipolalamika alitazama dirishani na kushusha pumzi, nao wakaelewa. Kufikia mwezi wa nane wanawake wa mtaani walikuwa wanawafunika watoto wao wachanga Sughran akipita kwenda dukani, kisha wanamwamkia kwa adabu zote.

Mwezi wa kumi Kausar alijifungua, mtoto wa kiume. Sughran alishafunga mzigo wake: samli, halua ya mzazi, vijishati sita alivyoshona mwenyewe. Simu ikaja asubuhi ya safari.

"Mama, usije kwanza," akasema Kausar. "Mama mkwe anasema mpaka arobaini ipite. Unajua watu wa zamani walivyo."

"Na wewe unasemaje?"

"Mimi? Mimi sina neno, Mama. Ni wao tu."

Sughran aliisikia pumzi iliyovutwa kabla ya lile "mimi". Aliisikia sauti ikipanda kidogo mwishoni, pale pale ambapo sauti ya mtoto huyu hupanda anapodanganya, tangu akiwa na miaka minne. Aliyekuwa anaogopa hakuwa mama mkwe.

"Sawa, mwanangu," akasema. "Mfunike vizuri."