Kikombe cha Bi Zuwena kutoka Amerika

Nnatangaza rasmi kwa umma: leo nimetoka nyumbani.

Nimekwenda kunywa kahawa kwa jirani yangu, Bi Zuwena. Mwanawe kamletea vikombe vidogo vya udongo kutoka Amerika.

Sasa mie, tangu wanangu wahame, jioni zangu zote huishia kwenye video za wafinyanzi wa Amerika. Wale wa zamani, waliokuwa wakirusha chumvi ndani ya tanuri ili mitungi ing'ae, nnawajua kuliko mashemeji zangu. Na nnajua kuwa fundi hupiga alama yake chini ya chombo.

Nikasema, leo nimempata wa kumhadithia!

Nikamaliza kahawa ya kwanza, nikakiinua kikombe, nikakichezesha huku na huku kwenye mwanga, natafuta alama.

Basi hapa Maskati ukikitikisa kikombe, umesema imetosha.

"Khalas, shoga? Mbona mapema hivyo!"

Birika likaondoka. Udi ukaletwa. Na mgeni akishafukizwa udi, hakai tena.

Nikafukizwa, nikaaga. Hadithi hata sijaianza.

Nyie mngesemaje?

Chini ya kikombe hapakuwa na alama yoyote.