Kaunta Isiyokuwepo

Mfagiaji wa benki ya zamani hatulii. Anapita na dekio lake kati ya nguzo sita za marumaru, akizigusa moja moja, na akifika katikati ya ukumbi mtupu anapinda polepole kama anayekwepa kitu. Kaunta iliyokuwa hapo iling'olewa miaka tisa iliyopita. Leo fundi aliyetumwa kuijenga upya anahangaika na tepu yake ya kupimia, maana michoro ya kaunta hiyo imepotea.

"Mzee, si ukatize tu hapo, unajichosha bure."

Mfagiaji akainua mguu, akasita, akaurudisha. "Hapa hapapitiki, mwanangu," akasema kwa aibu, akazunguka.

Fundi akaiweka tepu chini, akatoa chaki, akaanza kumfuata nyuma.