Kisogo Maarufu Kinatafuta Uso

Saa kumi na moja jioni, ndani ya ghala lililokuwa la kuhifadhia rangi, mwanamume wa miaka arobaini na saba ameketi mbele ya sahani tupu. Haongei. Hatikisiki. Nzi ametua puani kwake, na kwa jinsi alivyotulia hapo, ukiambiwa amepanga chumba utakubali.

Ni mazoezi, lakini mchezo wenyewe ndio huo huo: mtu, meza, sahani tupu, dakika arobaini. Watazamaji hukalia ndoo za rangi zilizofudikizwa, na wengine hurudi nyumbani na duara la kijani makalioni.

"Kutofanya kitu ndiyo kazi ngumu," anasema akimfukuza nzi wake. "Ukijisahau kidogo tu, unajikuta umefanya kitu."

Mtaani wanamwita Kisogo. Ameigiza katika filamu kumi na moja za waongozaji wasio na kampuni, wanaopiga picha kwa kamera za kuazima, na katika zote uso wake haujawahi kuonekana. Katika ya kwanza alikuwa anaondoka. Katika ya nne alikuwa chini ya blanketi. Katika ya saba, iliyosifiwa mno, alilia kwa uchungu ndani ya gari lenye vioo vyeusi, na aliyemfaidi ni fundi sauti peke yake.

Aliyenufaika zaidi ni kinyozi wake. Ametundika picha ya kisogo hicho dukani, na wateja huja wakitaka wanyolewe vivyo hivyo.

Mchana mwigizaji huyu hutengeneza viti vilivyovunjika. Sanaa, anasema, humlipia nauli ya kwenda. Ya kurudi ni juu yake.

Mama yake alishakwenda kutazama filamu tatu, na kila mara alitoka akiuliza mwanawe alipita saa ngapi. Kwa hiyo mwongozaji, dada mwembamba anayevaa miwani utosini kisha anaitafuta, alipoamua kuugeuza mchezo wa sahani kuwa filamu, kamera ikimtazama Kisogo usoni mwanzo hadi mwisho, jamaa alimwahidi mama kwamba katika hii ataonekana. Akamwalika kwanza aje auone mchezo jukwaani.

Mama alikuja na hotpoti, maana hajawahi kumtembelea mtu mikono mitupu. Alivumilia kwa muda. Kisha akaanza kuwauliza walioketi karibu naye chakula kimekwama wapi. Mwishowe alisimama, akapanda jukwaani, akafungua hotpoti na kupakua viazi.

"Watu wote hawa mmekaa mnamtazama ana njaa," alisema, "hakuna hata mmoja mwenye mama?"

Kisogo hakutikisika, kama alivyofundishwa. Mama akambana pua, vile vile alivyokuwa akimbana utotoni akikataa dawa. Mdomo ukafunguka, kijiko kikaingia. Ghala zima likasimama kupiga makofi. Mzee mmoja, inasemekana, alilia mpaka ndoo yake ikabidi igeuzwe mdomo juu ifanye kazi iliyoumbiwa.

Mwongozaji alichanganyikiwa kwa furaha. Papo hapo akaibadili filamu: kamera sasa ingemtazama mama. Na Kisogo? Angekaa mbele, mgongo kwa kamera.

"Nilipomwona mwongozaji anazunguka meza kuja nyuma yangu," anakumbuka, "nilianza kuwashwa kisogo kabla hajafungua mdomo."

Alitaka kuacha uigizaji, abaki na viti vyake. Lakini kumwambia mama kwamba amemnyang'anya kazi hakuweza. Mama naye, alipofuatwa, aliuliza mambo mawili tu: atavaa nini, na hotpoti yake itarudi lini.

Siku ya kupiga picha mama alisimama mahali pake, kijiko mkononi. Akamtazama mwanawe, akaitazama kamera.

"Mwanangu, hii inakuona wapi?"

"Kisogoni, mama."

"Tena?"

Kijiko kikawekwa mezani. Mwongozaji akaeleza kwa upole habari za mwanga, za hisia, na za mgongo wa binadamu kuwa ni swali lisilo na jibu. Mama alimwacha amalize.

"Binti yangu, maneno yako mazuri. Lakini mimi silishi kisogo, hakina mdomo. Mgeuze mtoto wangu watu wamwone anavyokula, au nifunike chakula changu niende zangu."

Kamera ikahamishiwa ubavuni.

Filamu imekamilika. Uso wa Kisogo unaonekana kwa dakika tisa nzima, mashavu yamejaa kama mpira uliotoka kutiwa upepo. Mwongozaji alikuwa amempa sentensi moja ya kufungia filamu, lakini kila alipofungua mdomo aiseme, mama aliongeza kijiko.

Mwezi ujao itaonyeshwa ghalani, na mama ameshajitengea ndoo ya mbele kabisa. Kinyozi amekasirika kidogo. Anasema uso unaharibu biashara.

Kisogo mwenyewe sasa anaandika filamu yake, ya mtu anayeongea mwanzo hadi mwisho bila kupumzika.

"Nimemwambia mama safari hii hana sehemu," anasema. "Ameniuliza huyo mtu anayeongea hivyo atapewa maji na nani."