Dumu Nyuma ya Mashuka

Katika kampuni ile ya kufua mashuka ya hoteli, madereva walimwita Tone, na jina likamkaa. Alikanyaga mafuta kama mtu anayekanyaga yai. Taa nyekundu ikiwa bado mbali, mguu alishautoa zamani, gari linajiendea lenyewe. Matairi aliyajaza upepo kila Jumatatu, na mzigo usio na kazi hakuubeba, hata spana. "Haba na haba, jamani," aliwaambia wenzake, nao wakamcheka. Lakini mwisho wa mwezi gari lake ndilo lililokunywa kidogo kuliko yote, na kicheko kikaishia hapo.

Kwa hiyo gari la shemeji yake, mume wa dada yake mdogo, lilipoanza kulewa mafuta, meneja alimwuliza yeye, tena uani mbele ya watu. Tone angeweza kusema hajui. Ila mtu akishasifiwa sana, neno hilo humtoka mdomoni kwa shida.

"Mama, gari halina tumbo la pili," alimwambia meneja. "Kama injini haijayanywa, kuna mtu anajua yalikokwenda."

Hakutaja jina, lakini macho yote yalimgeukia shemeji. Siku hiyohiyo shemeji alinyang'anywa ufunguo, akapewa mpira wa maji aoshe magari ya wenzake. Gari lake akakabidhiwa Tone.

Wiki haikuisha. Tone aliliendesha kwa ufundi wake wote, na mshale wa mafuta ukashuka huku anautazama. Akabadilisha plagi, akasafisha chujio la hewa, wapi! Hapo akajua kwamba shemeji yake hakuiba kitu. Alikwenda mpaka mlangoni kwa meneja akaseme. Ndani akasikia anasifiwa yeye, akarudi kinyumenyume kama mwizi wa kuku. Tangu siku hiyo alinunua mafuta kwa pesa yake, akayaficha kwenye dumu nyuma ya mashuka, akawa anaongeza njiani. Mshahara uliungua, sifa ikabaki.

Jumapili alikwenda kula kwa dada yake kama kawaida. Shemeji alimpisha kwenye kiti kizuri.

"Kaka," dada alimnong'oneza jikoni, "mwenzangu siku hizi hali wala halali. Anaona aibu hata kwenda dukani. Msemee basi kwa meneja, wewe wanakusikiliza."

"Atazoea," alijibu Tone. Chai hakuimaliza.

Asubuhi moja, Tone alikuwa ndiyo kwanza amerudi kutoka hotelini. Meneja alifungua mlango wa nyuma wa gari kuhesabu mashuka, harufu ikampokea. Akalivuta dumu mpaka nje.

"Kumbe! Unabana mafuta ili ubaki na ya kuchota! Nyie mashemeji mnafundishana?"

Madereva walisogea. Tone alitamani ardhi ipasuke immeze.

"Mama, huyu si mwizi." Alikuwa shemeji, suruali imekunjwa mpaka magotini, mpira wa maji mkononi. "Mimi namjua. Hawezi."

Akaelekeza maji kwenye gurudumu moja la nyuma. Likalia chwaa, mvuke ukapanda. Akamwagia la pili, kimya.

"Kila likirudi ni hilo moja tu lenye moto. Breki yake haiachii. Injini inavuta, gurudumu linagoma, mafuta yatabaki vipi? Nilipokuwa dereva sikuwahi kuliosha, ningejuaje? Na nilipojua nilinyamaza, mngesema najitetea."

Tone alikuwa ameinamisha kichwa. Yeye hakumsemea shemeji yake hata nusu ya maneno hayo.

"Nilikuwa naongeza, Mama," alisema. "Sikuwa nachota. Gari linakunywa tangu zamani, nikaficha ili jina langu lisiharibike."

Dereva mmoja alianza kucheka, akaacha. Meneja alichomoa ufunguo garini, akamnyooshea shemeji. Shemeji hakuupokea. Kwanza alifunga maji.

"Ulijua tangu lini, shemeji?"

"Tangu wiki ileile ya kwanza."

Shemeji alikunjua miguu ya suruali polepole, mmoja, kisha wa pili.

"Na Jumapili zote ukaja kula kwangu."

"Nilikuja," alisema Tone.