Matanga Tuliyokwenda Kuomba

Babu alifunga vitabu katika imprimeri, kiwanda cha uchapaji, moja ya Bukavu mpaka vidole vyake vikakataa kunyooka. Ndiye aliyetulea wazazi wetu walipokufa. Mimi mkubwa niliacha shule mwaka wa pili wa sekondari, nikauza mihogo katika soko la Kadutu ili wadogo zangu wabaki darasani. Vita vya pili vya nchi yetu vilipotukuta, dada anayenifuata alikuwa mwaka wa sita, mwaka wa mtihani wa serikali. Shule ilimpa mpaka Ijumaa: alete karo au asirudi. Hatukuogopa sana. Wiki hiyo hiyo babu alikuwa anastaafu, na dekonti yake, yale malipo ya mwisho, ilikuwa tayari.

Jumatatu nilimsindikiza ofisini. Karani hakutoa pesa. Alitoa karatasi ya zamani yenye sahihi mbili. Moja ilikuwa ya rafiki wa babu, fundi wa mashine, aliyekopa katika sanduku la wafanyakazi ili aezeke nyumba. Nyingine ilikuwa ya babu, mdhamini wake. Fundi huyo alikimbia vita vya kwanza kwa njia ya Shabunda, na tangu hapo hakuna aliyemwona.

"Papa, hii sinyatire iko yako?"

"Iko yangu."

"Basi deni inakula dekonti yote."

"Na kama alikufa?"

"Leta karatasi ya kifo. Mwenye deni akikufa, sanduku inafuta. Bila karatasi, huyu muntu angali muzima." Akacheka kidogo. "Iko tu mu safari."

Babu hakucheka. Njiani alisimama mara mbili akiinama kama mtu anayefunga kamba za viatu. Viatu vyake havikuwa na kamba.

Shefu wa avenyu, ambaye ndiye aliyeandika vifo vya mtaa wa fundi, alituambia wazi kwamba hatatia sahihi kabla hajaona matanga. Na matanga ya fundi hayakuwahi kukaliwa. Mke wake alikataa.

"Nitamuangalia na macho gani?" babu aliuliza. Basi Jumatano nikaenda mimi.

Nilimkuta mke wa fundi anachagua maharage. Kando ya mlango kulikuwa na kandambili za kiume, zimeoshwa. Nilimweleza yote: dada, Ijumaa, karatasi.

"Unataka nimuue, mutoto wangu?"

"Hapana, maman. Naomba karatasi tu."

"Karatasi tu!" Aliweka ungo chini. "Sikia. Mimi pia nimechoka. Nikiona watu wanashuka na mizigo njia ya Shabunda, naenda kuangalia. Miaka hii yote naenda kuangalia. Lakini mimi siwezi kuanza. Weye ndiye umeleta habari. Anza."

Kwetu anayefikisha habari ya kifo ndiye anayelia wa kwanza, amesimama uani, mpaka majirani watoke. Kilio chake ndicho kinachofungua matanga. Yule mama alifungua mlango wote na kusimama ndani, kitambaa cha kujifunga kichwani kiko mkononi.

"Lia. Ukilia, nitakaa chini, na shefu atakuja leo."

Nilisimama uani. Kulia nilikujua. Baba yangu tulimlilia bila mwili, kwa sababu mtu mmoja tu alisema amemwona ameanguka. Mimi nilikuwa wa kwanza kuamini. Tangu siku ile, kila mwanamume mwenye mgongo uliopinda kama wake nimemfuata sokoni mpaka ageuke.

Nilifungua mdomo. Nilimfikiria dada na shati lake jeupe. Nilimfikiria babu. Yule mama aliukazia mdomo wangu macho kama anayesubiri kupigwa.

Sauti haikutoka.

"Siwezi, maman."

Alikaa chini pale pale mlangoni. Alifunga maharage katika kile kitambaa, akanipa. "Pelekea babu yako. Mwambie asinichukie."

Ijumaa dada alirudi kabla ya saa nne, madaftari kifuani. Nilikuwa napanga mihogo kwenye beseni.

"Yaya," ndivyo wadogo zangu wananiita mimi mkubwa wao, "kulia tu? Ulishindwa kulia tu?"

"Nilishindwa."

Alivua shati lake, akalikunja vizuri mno, akaliweka juu ya madaftari. Akafunga kitenge, akachukua beseni la pili. Babu alikuwa kitandani, amegeukia ukuta. Tulipanda Kadutu tukifuatana, na dada hakunisemesha mpaka muhogo wake wa mwisho ukanunuliwa.