Mihogo na Masikio ya Mama Mkwe

Kwetu mwanamume na mama mkwe wake hawali wakitazamana, wala wakisikiana wakitafuna. Ni heshima, na sina ugomvi nayo. Shida ilikuja mke wangu alipojifungua, mama yake akashuka kwetu Kampemba kutoka Kasomeno na mfuko wa mihogo, aje kutusaidia. Nyumba yetu ni ndogo, na ukuta kati ya sebule na jiko haufiki hata darini. Nami nilikuwa likizo, sina pa kwenda. Maskini mama akawa haonji kitu.

"Ambia bwana yako nilisha kushiba," alimwambia mke wangu, nami nimesimama mlangoni nasikia kila neno.

Asubuhi moja akaanza kukunja nguo zake. Niliogopa, nasema kweli. Mtoto wetu analia kama mchuuzi wa sokoni, na mtu pekee aliyeweza kumnyamazisha alikuwa anatafuta begi lake.

Mke wangu akaninong'oneza kuwa mama hajawahi kuikataa mihogo ya kukaanga, mradi iwe mikavu kabisa. Nikaingia jikoni. Nikamenya, nikakata vipande vyembamba, nikachemsha na chumvi mpaka vikaanza kupasuka. Hapo wenye haraka huharibu: wanaitumbukiza mihogo ingali na maji, mafuta yanawarukia, na inatoka laini kama sabuni iliyosahauliwa kwenye beseni. Mimi niliitandaza juu ya kitambaa ikauke, nikapepea makala ya mbabula, jiko letu la mkaa, ndipo nikakaanga.

Nikampa mke wangu sahani aipeleke sebuleni, nikabaki jikoni. Nikatega sikio. Kwa wasiwasi nikatia kipande kimoja mdomoni, nikasahau kwamba mihogo mikavu haijui kutunza siri.

Kacha.

Nyumba nzima ilisikia. Nikaganda, sithubutu kutafuna wala kumeza. Nilikuwa nimekula mbele ya masikio ya mama mkwe wangu, na sasa ataondoka kwa aibu niliyomtia mimi mwenyewe.

Kisha upande wa pili wa ukuta: kacha. Ikafuata nyingine.

"Ambia bwana yako," mama alisema, kwa sauti ya kunifikia bila msaada wa mtu, "chumvi iko kidogo. Na alete ingine."

Nikatafuna. Akatafuna. Mke wangu alicheka mpaka mtoto akaamka, na bibi yake akambeba, mikono imejaa mafuta. Begi lilirudi chini ya kitanda.