Sauti Niliyomwazima Mwigizaji wa Kijerumani

Ukitaka kucheka, cheka sasa umalize, maana haya yamenikuta mimi mwenyewe, hapa Riyadh, mchana kweupe, wala sikuwa na homa.

Mimi ni dereva, naishi mtaa wa Malaz. Kwetu Tanga nilikuwa DJ wa kibanda umiza, kile cha kuonyeshea video mtaani: sinema ya Kichina inapita, mimi nimeshika maiki nawasemea wote kwa Kiswahili, wake kwa waume. Kazi hiyo ndiyo iliyoniponza. Mama yangu haoni tangu nikiwa mdogo. Ananijua kwa sauti tu, na kila Ijumaa nilikuwa nampigia simu.

Bosi wangu hukusanya filamu za kale zisizo na sauti. Siku moja garini alinisimulia habari za mwigizaji wa kike wa Kijerumani anayemhusudu mno. Alianza kwa kucheza dansi jukwaani, akapanda hadi picha zake zikabandikwa kila mji, watu wakimlilia ukumbini bila kumsikia hata neno moja. Kisha filamu zikaanza kusema. Wenye studio wakampima sauti, wakaangua kicheko, halas, hakuitwa tena. Alifia chumbani peke yake.

Ijumaa ile bosi akaniazima projekta pamoja na filamu ya yule mwigizaji. Nikawaita madereva wenzangu baada ya swala, tukaionyesha ukutani kwangu. Ukimya ukanichosha, nikaanza kumsemea. Nikamfanya mke wa Tanga anayemfokea mumewe. Wakacheka hadi machozi, wakaenda zao.

Nikachomoa waya. Niamini, projekta ilizimika, lakini yeye alibaki ukutani, ananitazama, midomo inacheza. Kwa mazoea ya kazi mdomo wangu ukamfuata, nikajisikia nasema maneno yake:

"Usininyang'anye sauti hii. Nimekaa kimya miaka mingi mno."

Nikamwambia, "Madam, sauti ninayo hii moja tu. Mama yangu anaingoja."

Akalia. Wewe ungemwona mwanamke analia vile, bila mlio, ungegeuza uso? Aliomba sentensi moja tu, ile aliyoisema wakamcheka. Huruma ikanishika, nikasema haya, sema. Kikanitoka Kijerumani nisichokijua, na ukuta ukabaki mtupu.

Jioni nikampigia mama. Nikamwamkia, na sauti iliyotoka ilikuwa ya kike, nyembamba, ya kizungu. Mama akauliza ni nani. Nikamwapia, nikamtajia jina langu la utotoni, nikamkumbusha kovu la goti.

"Hayo amekuhadithia yeye," akasema. "Mmemfanya nini mwanangu?"

Akaangua kilio, simu ikakatika.

Nimekwenda hadi Jeddah, mtaa wa Al-Baghdadiyah, kwa sheikh mmoja wa Kizanzibari. Alinisomea mpaka naye akachoka. Mafi faida, haikusaidia kitu. Wenzangu wananikwepa. Nimechoka jamani, sijui nishike wapi.

Wewe unayesoma, usimsemee mtu ambaye hakukutuma, na aliyekufa ndiyo kabisa. Mimi kila Ijumaa bado napiga. Mama anawahi kupokea, anasema, "Haloo? Ni wewe, mwanangu?" Nami nanyamaza, maana nikijibu tu, atajua si mimi.